Shajara za Mawaziri na Siri za Baraza: Uingereza Baada ya Vita Kuu ya Pili

Katika madarasa yetu ya uandishi, shajara na kumbukumbu za mkutano hufundishwa karibu karibu, na aghalabu mwanafunzi huonyeshwa tofauti ya umbo tu. Shajara ina tarehe na nafsi ya kwanza. Kumbukumbu zina ajenda, waliohudhuria na waliotoa udhuru. Mtihani ukipita, yote mawili husahauliwa. Makala haya yanakusudia kuonyesha kwamba huko Uingereza tofauti ya tanzu hizi mbili iliwahi kufikishwa mahakamani, na kwamba jambo moja lililowagusa maelfu ya watu wa Afrika Mashariki halieleweki vizuri bila kuzisoma zote mbili.

Tuanze na kumbukumbu. Zile za Baraza la Mawaziri la Uingereza huandikwa kwa namna ambayo mwalimu wa sarufi ataitambua mara moja: kauli ya kutendwa imetawala. Ilielezwa kwamba, ilidokezwa kwamba, ilikubaliwa kwamba. Waziri aliyeleta hoja hutajwa, lakini wanaobishana naye kwa kawaida hawatajwi majina. Hii haitokani na uvivu wa makarani. Serikali ya Uingereza husimama juu ya uwajibikaji wa pamoja, yaani mawaziri wakishaamua, wote wanaubeba uamuzi ule hata kama nusu yao waliupinga. Kiambishi kile kidogo cha -w- ndicho kinachowaficha. Isitoshe, nyaraka zenyewe zilifungwa kabatini kwa miaka 50 chini ya sheria ya 1958. Mwaka 1967 muda huo ukapunguzwa hadi miaka 30, na sheria ya 2010 ikaupeleka kwenye miaka 20.

Katika hali hiyo ndipo anapoingia Richard Crossman. Alikuwa msomi wa Oxford aliyeandika juu ya Plato, mbunge wa Coventry Mashariki kwa tiketi ya chama cha Leba tangu 1945, mtu mwenye akili kali na ulimi mkali zaidi. Harold Wilson alipounda serikali Oktoba 1964, Crossman alipewa wizara ya nyumba na serikali za mitaa. Mwisho wa juma alikwenda nyumbani kwake shambani, akakaa mbele ya kinasa sauti na kusimulia wiki ilivyokwenda: nani alisema nini, nani alisinzia, nani alibadili msimamo baada ya chakula cha mchana. Hakuwa akijifurahisha tu. Karne moja kabla yake Walter Bagehot alikuwa ameandika kitabu mashuhuri juu ya katiba ya Kiingereza, na Crossman alitaka kuwaonyesha wananchi jinsi katiba hiyo inavyofanya kazi katika zama zake, kutoka ndani.

Alichokikuta ndani hakikuwa kile wanachofundishwa wanafunzi wa siasa. Katibu Mkuu wa wizara yake alikuwa Dame Evelyn Sharp, mwanamke wa kwanza kushika cheo hicho katika wizara ya Uingereza. Wilson alikuwa ameunda wizara mpya ya ardhi, na ilitarajiwa kwamba madaraka ya mipango miji yangehamia huko. Dame Evelyn hakukubali. Kabla waziri mgeni hajaelewa vizuri kinachopiganiwa, mama huyu alikwishafanya kampeni yake miongoni mwa makatibu wenzake, na madaraka yakabaki palepale. Nani basi alitunga sera? Ukisoma tamko la serikali, utajibu kwamba ni mawaziri. Ukisoma shajara, utasita.

Crossman alifariki Aprili 1974, kabla kitabu hakijatoka. Katibu wa Baraza la Mawaziri alikataa kuidhinisha uchapishaji, lakini Januari 1975 gazeti la Sunday Times likaanza kutoa sehemu zake. Mwanasheria Mkuu akaenda mahakamani kuomba zuio. (Kichekesho cha kesi hii ni kwamba mmoja wa wasimamizi wa maandishi ya marehemu, Michael Foot, alikuwa waziri katika serikali hiyohiyo iliyoshtaki.) Oktoba 1975 Jaji Mkuu, Lord Widgery, alitoa hukumu ambayo wanasheria bado wanaifundisha. Alikubali kwamba mahakama inaweza kulinda siri za Baraza, ila mambo ya miaka kumi iliyopita, alisema, yamekwishapoa, hayawezi tena kudhuru uwajibikaji wa pamoja. Juzuu ya kwanza ikatoka mwishoni mwa mwaka huo, nyingine mbili zikafuata 1976 na 1977. Kamati iliyokuwa chini ya Lord Radcliffe ilipendekeza mawaziri wasubiri miaka 15 kabla ya kufichua mambo ya siri, lakini mlango ulikuwa umekwishafunguliwa.

Sasa tuje kwenye jambo linalotuhusu sisi wa upande huu. Kenya ilipopata uhuru Desemba 1963, wakazi wenye asili ya Asia walipewa miaka miwili kuomba uraia. Wengi hawakuomba, walibaki na pasipoti za Uingereza wakiamini kwamba pasipoti ni ahadi. Mwaka 1967 Kenya ikatunga sheria zilizowabana wasio raia katika kazi na biashara, na maelfu wakapanda ndege kwenda London. Waziri wa Mambo ya Ndani, James Callaghan, akaliomba Baraza sheria ya kuwazuia. Mwishoni mwa Februari 1968 muswada ulipelekwa bungeni na kupitishwa kwa siku chache tu, ukawa sheria tarehe 1 Machi. Mwenye pasipoti ya Uingereza ambaye yeye mwenyewe, mzazi wake au babu au bibi yake hakuzaliwa wala kupewa uraia huko hakuwa tena na haki ya kuingia bila kibali, na vibali vilivyotengwa mwanzoni vilikuwa 1,500 kwa mwaka kwa wakuu wa familia.

Crossman wakati huo alikuwa kiongozi wa shughuli za serikali bungeni, kwa hiyo ratiba ya muswada ilipita mikononi mwake. Katika shajara yake anasimulia kikao cha mawaziri kuhusu suala hili kwa uwazi unaotisha. Anakiri kwamba miaka michache nyuma kila mtu katika chumba kile angeona ni uvunjaji mkubwa wa misingi yao kumfungia mlango raia mwenye pasipoti ya Uingereza, na sasa walikuwa wakisoma kwa utulivu maelezo waliyoandikiwa na wizara zao. Kisha anajisema mwenyewe: alimuunga mkono Callaghan hasa kwa sababu jimbo lake lilikuwa katika eneo la Midlands, ambako ubaguzi wa rangi ulikuwa na nguvu. Kumbukumbu za mkutano hazina mahali pa kuandika sentensi kama hiyo.

Juzuu yenye habari hizo ilitoka 1976. Nyaraka rasmi za 1968 zilifunguliwa Januari 1999, nazo zikaongeza jambo lenye uzito: Waziri wa Jumuiya ya Madola, George Thomson, alikuwa ameliandikia Baraza akisema kwamba hatua ile ilikuwa makosa katika misingi na ni ubaguzi wa rangi ulio wazi. Kwa hiyo hakuna anayeweza kudai kwamba hawakuonywa. Mwaka 1973 Tume ya Ulaya ya Haki za Binadamu nayo iliona kwamba watu hao walikuwa wamedhalilishwa.

Je, shajara iaminiwe? Kwa tahadhari. Crossman alisimulia siku kadhaa baada ya vikao, akiwa amechoka, na katika simulizi zake yeye hukosea mara chache mno. Bahati njema, mezani hapo walikuwapo waandishi wengine. Barbara Castle, aliyejua hatimkato tangu siku zake za uandishi wa habari, alichapisha shajara zake kuanzia 1980. Tony Benn kuanzia 1987. Tatizo ni kwamba wote watatu walitoka mrengo wa kushoto wa chama. Callaghan na Denis Healey hawakuchapisha shajara za aina hiyo za miaka ile, na asiyeandika husimuliwa na wenzake.

Tangu 2006 hifadhi ya taifa ya Uingereza imekuwa ikifungua madaftari ya makatibu wa Baraza, yale waliyoandikia kwa mkono wakati mawaziri wakizungumza. Humo majina yamo. Karani yule aliyeandika "ilikubaliwa" alijua vema nani alikataa.

Na shajara bado zinaitwa kutoa ushahidi. Mwaka 2003 kurasa za Alastair Campbell, msemaji wa Tony Blair, zilipelekwa mbele ya uchunguzi wa Lord Hutton uliohusiana na vita vya Iraki. Mwaka 2023, katika uchunguzi wa janga la korona, zilisomwa hadharani sehemu za maandishi ambayo mshauri mkuu wa kisayansi, Patrick Vallance, alikuwa akiyaandika usiku baada ya kazi. Alieleza kwamba aliyaandika ili kutuliza akili yake tu, na kwamba hakukusudia yasomwe na mtu mwingine.