Kitabu cha Ndege na Nambari Yake

Wasomaji wetu, jina moja halizifanyi ndege mbili kuwa kitu kimoja. Mwanzoni mwa miaka ya 1970 kampani ya Piper ya Marekani iliuza Seneca, ndege ndogo yenye injini mbili za Lycoming. Mwaka 1975 ikatoka Seneca ya pili, yenye injini za Continental. Hii yaruhusiwa kuruka na uzito wa ratli 4,570. Ile ya kwanza haikuruhusiwa kupita 4,200.

Lakini tuonavyo sisi, mwendo una hatari kuliko mzigo. Injini moja ikizimika angani, uko mwendo ambao chini yake usukani hauwezi tena kuizuia ndege isipinduke. Kitabu cha Seneca ya pili chautaja kuwa 66, yaani maili za baharini kwa saa. Ndege za kale zilihesabu maili za nchi kavu, nazo ni fupi. Basi rubani aliyechukua kitabu kisicho chake, akishika 66 katika saa ya mwendo ya kale, kwa kweli ana 57 tu.

Tangu Machi 1979 sheria ya Marekani yataka kila ndege mpya itoke kiwandani na kitabu chake kilichothibitishwa. Ndani yake huandikwa nambari ya ndege, ile ile iliyopigwa kwenye kibati mwilini mwake.