Jengo la mahakama ambako Dred Scott alidai uhuru wake

JENGO la kale la mahakama katikati ya mji wa St. Louis, jimbo la Missouri nchini Marekani, linatambulika kwa kuba lake la kijani kibichi na nguzo nzito zinazoshika vibaraza vyake. Kwa miaka 30 halikuwapo jengo refu kulizidi katika mji huo. Hata hivyo, sifa yake kubwa haitokani na urefu wala uzuri. Inatokana na mtumwa mmoja aliyeingia humo mwaka 1846 kudai uhuru wake.

Historia ya jengo hilo inaanzia mwaka 1816, pale matajiri wawili wa mji, Auguste Chouteau na John B. C. Lucas, walipotoa kiwanja kwa serikali ya Kaunti ya St. Louis. Sharti lao lilikuwa moja: kiwanja hicho kitumike kwa ajili ya mahakama siku zote. Mahakama ya kwanza ya matofali ilikamilika hapo mwaka 1828, lakini mji ulikua haraka kutokana na biashara ya meli za mvuke katika Mto Mississippi, na baada ya miaka michache nafasi ikawa haitoshi.

Mwaka 1839 liliwekwa jiwe la msingi la jengo jipya lililochorwa na msanifu Henry Singleton. Mchoro wake ulifuata mtindo wa mahekalu ya Ugiriki ya kale: sehemu nne zilizopangwa mfano wa msalaba, na katikati yake ukumbi mkubwa wa duara. Ukumbi huo ulifunguliwa mwaka 1845. Mahakama ya zamani iliachwa iwe sehemu ya mashariki hadi mwaka 1851, ilipobomolewa ili kupisha ujenzi mwingine uliosimamiwa na Robert S. Mitchell.

Wakati huo Missouri ilikuwa jimbo la watumwa. Mali ya marehemu ilipogawanywa kwa amri ya mahakama, au mdaiwa aliposhindwa kulipa, watumwa waliuzwa kwa mnada kwenye ngazi za jengo hilohilo, pamoja na mali nyingine. Lakini sheria ya jimbo ya mwaka 1824 ilimruhusu mtu aliyeshikwa utumwani isivyo halali kushitaki na kudai uhuru wake. Kumbukumbu za mahakama za St. Louis zina mashauri zaidi ya 300 ya aina hiyo. Kwa miaka mingi majaji wa Missouri walifuata kanuni kwamba mtumwa aliyepelekwa kuishi katika ardhi isiyoruhusu utumwa amekuwa huru, na akirudi hawezi kufanywa mtumwa tena.

Kesi ya miaka 11

Kanuni hiyo ndiyo waliyoitegemea Dred Scott na mkewe Harriet walipofungua mashauri yao Aprili 6, 1846. Dred alikuwa ameishi na bwana wake, daktari wa jeshi John Emerson, katika jimbo la Illinois na baadaye Fort Snelling, mahali ambapo utumwa ulikuwa marufuku. Huko Fort Snelling ndiko alikomwoa Harriet. Emerson alipofariki, mjane wake aliendelea kuwashikilia.

Mwaka 1847 walishindwa kwa sababu ndogo ya kiutaratibu: shahidi aliyedai kuwakodi kutoka kwa mjane huyo alikiri kwamba mkewe ndiye aliyefanya makubaliano. Kesi ilisikilizwa upya, na mwaka 1850 jopo la raia walioapishwa likaamua, ndani ya jengo hilo, kwamba familia hiyo ni huru.

Furaha hiyo haikudumu. Mwaka 1852 Mahakama Kuu ya Missouri ilitengua uamuzi huo na kuitupa kanuni iliyokuwa imefuatwa kwa miaka mingi. Shauri likapelekwa mahakama za shirikisho, na Machi 6, 1857, Mahakama ya Juu ya Marekani, chini ya Jaji Mkuu Roger Taney, iliamua kwa kura saba dhidi ya mbili kwamba watu weusi hawawezi kuwa raia wa Marekani, na kwamba Bunge halina mamlaka ya kuzuia utumwa katika maeneo yaliyokuwa hayajawa majimbo. Hukumu hiyo ilizidisha uhasama uliozaa vita ya wenyewe kwa wenyewe mwaka 1861.

Akina Scott walipata uhuru kwa njia nyingine. Umiliki wao ulihamishiwa kwa Taylor Blow, mmoja wa watoto wa bwana wa kwanza wa Dred, naye akawaandikia hati za uhuru Mei 26, 1857. Dred alifariki Septemba 1858 kwa kifua kikuu, akiwa ameishi huru mwaka mmoja na miezi michache.

Kuba la chuma

Kuba linaloonekana leo lilijengwa kati ya mwaka 1861 na 1864, wakati vita ikiendelea. Msanifu William Rumbold aliondoa kuba dogo la awali na kuweka la chuma lililofunikwa kwa shaba, kwa mfano wa lile la Kanisa la Mtakatifu Petro, Roma. Ndani yake mchoraji Carl Wimar, mzaliwa wa Ujerumani, alichora picha za historia ya eneo hilo.

Katika miaka ya 1870 Virginia Minor alishitaki hapo baada ya kukataliwa kujiandikisha kupiga kura kwa kuwa ni mwanamke. Alishindwa, na mwaka 1875 Mahakama ya Juu ikaunga mkono uamuzi huo. Wanawake wa Marekani walisubiri hadi mwaka 1920 katiba iliporekebishwa.

Mji ulipojitenga na kaunti mwaka 1877, jengo likawa mali ya mji. Mahakama zilihama mwaka 1930, na warithi wa Chouteau na Lucas wakadai kiwanja kwa hoja kwamba sharti la mwaka 1816 limevunjwa. Hawakufanikiwa, serikali ya shirikisho ililichukua jengo mwaka 1940, na leo ni sehemu ya Hifadhi ya Taifa ya Gateway Arch.

Chumba iliposikilizwa kesi ya Scott hakipo tena, kwani kilibadilishwa katika ukarabati wa miaka ya 1850. Nje, tangu mwaka 2012, imesimama sanamu ya Dred na Harriet wakiwa wameshikana mikono. Jengo lilifunguliwa tena kwa wageni Mei 2025 baada ya matengenezo makubwa, likiwa na maonyesho kuhusu watumwa waliopigania uhuru wao kwa njia ya sheria.