Habari za Husuni Kubwa ya Kilwa

Wazee wetu na wanachama, katika taarifa ya mwaka huu tumeona vyema kuwaletea habari za Husuni Kubwa, jumba lililoanguka katika kisiwa cha Kilwa Kisiwani, nchi ya Tanzania. Wengi wetu tuonapo magofu ya mawe pwani husema mara moja, "Haya ni ya Wareno." Sivyo. Wareno waliiteka Kilwa mwaka 1505, na wakati huo Husuni Kubwa ilikuwa imekwisha kuachwa zamani.

Aliyeijenga ni Sultani al-Hasan bin Sulaiman, katika karne ya 14, na jina lake limeonekana limechongwa katika jiwe papo hapo. Jumba li juu ya jabali, nalo laitazama bahari. Vyumba vyake vyapita mia moja. Lina birika la kuogea lenye pembe nane, ua wenye madaraja ya kukalia watu, na upande wa kusini ua mkubwa uliozungukwa na vyumba, ambavyo wachimbaji walidhani vilikuwa maghala ya bidhaa. Mawe ni matumbawe, chokaa ni ya matumbawe yaliyochomwa. Vyote vya pwani hii hii, kama vya Lamu na Gedi.

Mali ilitoka wapi? Kwanza katika dhahabu ya Sofala, iliyoletwa kutoka bara. Pesa ya shaba ya Sultani huyu ilipatikana hata katika magofu ya Zimbabwe. Ibn Battuta, aliyefika Kilwa mwaka 1331, alimsifu kwa ukarimu. Watu walimwita Abu al-Mawahib, yaani baba wa vipaji. Lakini msafiri huyo huyo aandika kwamba Sultani alikuwa akiwashambulia watu wa bara na kuchukua nyara, kisha katika nyara hizo akatenga fungu la kugawa. Hili nalo tusiwafiche vijana wetu, maana waliotekwa pia walikuwa wazee wa mtu.

Jumba halikumalizika. Pengine lilizidi mfuko wa mwenyewe, jambo ambalo mweka hazina yeyote atalielewa. Magofu ya Kilwa yaliwekwa katika Urithi wa Dunia mwaka 1981. Mwaka 2004 yakaandikwa miongoni mwa yaliyo hatarini, kwa kuwa mvua na mawimbi vilikuwa vikiyala, na baada ya kutengenezwa yakaondolewa katika orodha hiyo mwaka 2014.