Mchezo Usiofunguka: Kadi ya Gisimenti na Suala la Kuhifadhi Michezo ya Dijitali

Utangulizi

Mwanafunzi mmoja wa mwaka wa tatu alifika ofisini akiwa na bahasha ya kaki. Ndani yake mlikuwa na kadi ndogo nyeusi, isiyozidi upana wa kiberiti: kadi ya kumbukumbu ya mashine ya gemu aina ya PlayStation 2. Katikati ya miaka ya 2000 kaka yake alikuwa akiendesha banda la gemu Gisimenti, katika sehemu ile ya Remera yenye maduka na migahawa, si mbali na Uwanja wa Amahoro.

Mchezo uliopendwa zaidi katika banda hilo ulikuwa Pro Evolution Soccer 5, uliotolewa na kampuni ya Konami mwaka 2005. Mchezo huo wa kandanda ulikuwa na sehemu ya kuhariri, ambapo mtu angeweza kubadili jina la timu, rangi za jezi na majina ya wachezaji. Vijana wa bandani walifuta majina ya timu moja ya Ulaya, wakaandika ya kwao: majina 22 ya utani waliyopeana wenyewe kwa Kinyarwanda, Kiswahili na Kifaransa cha mtaani. Mwanafunzi wetu anaandika tasnifu kuhusu lakabu za vijana mjini Kigali. Kwake kadi ile ilikuwa mswada, na alitaka kuusoma.

Kadi haikuwa imevunjika wala kulowa. Hata hivyo majina hayakusomeka. Makala haya yanaeleza sababu, na yanajaribu kuonesha kwa nini jambo hili linawahusu walimu na wanafunzi wa lugha, si mafundi peke yao.

Mchezo haumo ndani ya diski peke yake

Tumezoea kufikiri kwamba mchezo ni ile diski, kama vile riwaya ilivyo kitabu. Fikra hiyo inapotosha. Kitabu kinahitaji mwanga na mtu anayejua kusoma. Diski ya gemu ni maagizo yaliyoandikiwa mashine moja maalumu, na mashine nyingine haiyaelewi, hata kama ni mpya zaidi na ina nguvu mara nyingi zaidi.

PlayStation 2 ilianza kuuzwa Japani tarehe 4 Machi 2000. Kampuni ya Sony imesema kwamba mashine zaidi ya milioni 150 ziliuzwa duniani. Chipu zake zilibuniwa kwa ajili yake peke yake, na waandishi wa michezo walijifunza tabia zake moja moja ili wapate picha nzuri na za haraka. Ilipokuja PlayStation 3 mwezi Novemba 2006, mashine za kwanza zilizouzwa Japani na Marekani zilibeba ndani yake chipu za PlayStation 2 ili michezo ya zamani iendelee kuchezwa. Chipu hizo ziliongeza gharama, na baadaye zikaondolewa. PlayStation 4, iliyotoka mwaka 2013, haisomi kabisa diski za PlayStation 2.

Utengenezaji wa PlayStation 2 ulikoma mwanzoni mwa mwaka 2013. Mwezi Novemba mwaka huohuo mchezo wake wa mwisho ulitolewa, nao ulikuwa kandanda: Pro Evolution Soccer 2014. Tangu hapo kila mashine inayokufa inapunguza idadi ya zilizopo, na hakuna inayozaliwa.

Jicho, wino na umeme

Sehemu inayotangulia kufa ni jicho la leza, yaani lenzi inayosoma diski. Hudhoofika kwa matumizi na kwa vumbi. Katika mabanda ya gemu, ambako mashine iliwashwa kuanzia asubuhi hadi usiku, jicho lilichoka mapema. Fundi wa Gisimenti alikuwa na dawa moja: kutoa jicho la mashine iliyokufa na kulipandikiza katika iliyo hai. Dawa hiyo inafaa maadamu kuna mizoga ya kutosha.

Diski nazo zina habari yake. Diski halisi ya kiwandani ina vishimo vidogo vilivyogandamizwa katika plastiki. Lakini diski nyingi zilizotumika katika mabanda ya Afrika Mashariki zilikuwa nakala zilizochomwa kwa kompyuta, na mashine zilifungwa chipu ya ziada ili zikubali kuzisoma. Diski ya kuchoma haina vishimo; ina tabaka la rangi ambalo leza hulibadilisha. Rangi hiyo hufifia kwa joto na jua. Nakala iliyokaa miaka kumi juu ya kabati la bati inaweza kuonekana safi machoni petu na ikawa tupu machoni pa mashine. Hapa pana kinaya: nakala zisizo halali ndizo zilizoifikisha michezo hiyo kwetu, na ndizo zilizotangulia kuiacha.

Umeme nao umeua mashine nyingi kwa siku moja. Mashine ya Japani imetengenezwa kwa volti 100 na ya Marekani kwa volti 120. Umeme wa Rwanda, kama wa majirani zetu, ni volti 230. Zawadi iliyotoka ng'ambo ikachomekwa ukutani bila transfoma iliweza kuungua kabla ya kuchezwa hata mara moja.

Televisheni iliyotoweka

Wako waliozitunza mashine na diski zao vizuri, kisha wakakwamishwa na televisheni. Mashine za zamani zilitoa picha kwa waya wenye ncha tatu: njano, nyekundu na nyeupe. Televisheni bapa nyingi za leo hazina matundu hayo. Tena michezo ilitengenezwa kwa mifumo tofauti ya picha. Ya Ulaya ilitumia mfumo wa PAL, wenye mipigo 50 ya picha kwa sekunde, na ya Japani na Marekani ilitumia NTSC, yenye takriban 60. Televisheni isiyoujua mfumo wa pili huonesha picha isiyo na rangi au inayokimbia.

Mfano ulio wazi kuliko yote ni mchezo wa kuwinda bata, Duck Hunt, ulioundwa na Nintendo mwaka 1984. Wasomaji waliokuwa watoto katika miaka ya 1990 huenda wanaikumbuka bastola yake ya plastiki, ambayo wengi waliiona katika mashine za kuigiza zilizotoka Asia. Ukweli ni kwamba bastola haikutoa kitu, ilipokea. Ukivuta kifyatulio, kioo kilikuwa cheusi kwa kitambo kidogo sana, kisha kisanduku cheupe kikatokea mahali pa bata. Jicho lililo ndani ya mtutu likiona mwanga huo kwa wakati wake, bata alianguka. Televisheni ya kichogo ilichora picha papo hapo, mstari kwa mstari. Televisheni bapa huipokea picha, huishughulikia, kisha ndipo huionesha. Kuchelewa huko ni sehemu ndogo ya sekunde, lakini mchezo umekwisha kuhesabu kwamba umekosa. Mashine ni nzima, kaseti ni nzima, bastola ni nzima, na bata hafi kamwe.

Mchezo usioshikika mkononi

Michezo ya karibuni ina udhaifu mwingine, kwa kuwa mingi haina diski. Mwaka 2014 Konami ilitoa bure mtandaoni mchezo mfupi wa kutisha ulioitwa P.T. Mwaka 2015 uliondolewa, na aliyeufuta kwenye mashine yake hakuweza kuupata tena kwa njia halali. Mwezi Machi 2023 Nintendo ilifunga mauzo ya maduka ya mtandaoni ya mashine zake za 3DS na Wii U. Mwezi Machi 2024 kampuni ya Ubisoft ilizima seva za mchezo wa magari uitwao The Crew, na kwa kuwa mchezo huo haukuweza kwenda bila seva, hata wenye diski walibaki na plastiki.

Sheria nayo imo. Utafiti wa Video Game History Foundation uliotolewa mwaka 2023 ulionesha kwamba asilimia 87 ya michezo ya zamani iliyotolewa Marekani, yaani ya kabla ya mwaka 2010, haipatikani tena sokoni. Ziko programu zinazoiga mashine za zamani ndani ya kompyuta, na ndizo tumaini kubwa la kuhifadhi. Lakini mwezi Oktoba 2024 ofisi ya hakimiliki ya Marekani ilikataa ombi la kuziruhusu maktaba kuwapa watafiti michezo hiyo kwa mbali. Kwa mtafiti aliye Kigali maana yake ni kwamba hata mchezo uliohifadhiwa unaweza kuwa mbali naye kama uliopotea.

Yaliyotokea kwa kadi

Turudi kwenye bahasha ya kaki. Tuliipata mashine, na fundi akaipandikizia jicho. Tukachomeka kadi, na katika orodha ya mashine likatokea jina la faili pamoja na ukubwa wake. Maandishi ya vijana yalikuwa yamo. Lakini kwenye mashine yenyewe faili hilo hufunguliwa na mchezo wake tu, na diski ya banda, nakala ya kuchoma, ilikuwa imefifia. Tuliulizia Nyamirambo tukapata diski nyingine. Ilikuwa Winning Eleven 9, ambao ndio mchezo uleule kwa jina lililotumika Japani. Wachezaji walewale, viwanja vilevile, Konami ileile. Lakini toleo la Japani halitambui kumbukumbu zilizoandikwa na toleo la Ulaya. Mchezo ulitujibu kwamba hakuna kilichohifadhiwa.

Hadi tunapoandika, kadi haijafunguka. Tulichofanya ni kumwalika kaka yake mwanafunzi aketi nasi. Alisema majina aliyoyakumbuka, akaeleza nani alipewa lipi na kwa nini. "Mzee wa Kona" alikuwa mvulana mdogo kuliko wote, ambaye hakuruhusiwa kupiga kitu kingine zaidi ya kona. Tulipata majina 14 kati ya 22. Manane yamebaki ndani ya kadi.

Hitimisho

Walimu wa Kiswahili hawapaswi kuliona jambo hili kuwa geni. Mswada wa Utendi wa Tambuka una tarehe inayolingana na mwaka 1728, nao umeandikwa kwa hati ya Kiarabu. Kwa anayejua Kiswahili sanifu tu, karatasi hiyo imefungwa kama kadi yetu. Imebaki hai kwa sababu wako waliotunza karatasi pamoja na ujuzi wa kuisoma. J. W. T. Allen alipokusanya miswada kwa ajili ya maktaba ya chuo kikuu cha Dar es Salaam, orodha yake iliyochapwa mwaka 1970 ilijumuisha pia kanda za sauti, na leo kanda hizo zinahitaji mashine ya kuzisikiliza.

Diski ya Pro Evolution Soccer 5 tutaipata, kwa kuwa ilichapwa kwa wingi Ulaya. Maandishi ya vijana wa Gisimenti yako mahali pamoja tu duniani, na wenyewe wanazidi kuwa watu wazima. Tangu mwaka 2017 Kiswahili ni mojawapo ya lugha rasmi za Rwanda, na wanafunzi wetu wanatafuta ushahidi wa namna kilivyotumika mitaani kabla ya hapo. Sehemu ya ushahidi huo imo katika kadi za gemu, simu za zamani na kanda zilizomo majumbani mwao.

Kwa hiyo tunawaomba wasomaji mambo mawili. Anayeleta kifaa cha zamani aandike pamoja nacho aina ya mashine, jina kamili la programu, toleo na nchi lilikotoka. Laiti banda lingefanya hivyo, tusingezunguka mji mzima. La pili, na hili ndilo la haraka, tuwahoji wenye vifaa hivyo wakiwa bado wanakumbuka. Mali bila daftari hupotea bila habari.