Azalia Hackley, Mwalimu wa Kwaya

Katika miaka ya vita kuu ya kwanza, ilikuwa ada katika miji mingi ya kusini mwa Marekani kwamba bibi mmoja hushuka garimoshini, akapokewa na wachungaji na walimu wa watu weusi wa mji ule, kisha akakusanyiwa kanisani au shuleni halaiki ya waimbaji ambao wengi wao hawakupata kufundishwa muziki hata siku moja. Kwa siku chache huwafundisha namna ya kuvuta pumzi ikatuama chini ya mbavu, namna ya kufungua kinywa ili irabu itoke safi, na namna ya sauti ya pili kuisikiliza ya kwanza pasipo kumezwa nayo. Na siku ya mwisho umma ule ule, ambao juzi kila mtu alikuwa akiimba njia yake, husimama mbele ya wenyeji na kuimba kwa sauti nne. Kisha bibi yule hufunga safari kwenda mji mwingine. Jina lake lilikuwa Emma Azalia Hackley, na kabla ya kuwa mwalimu wa kwaya alikuwa mwimbaji wa soprano aliyebobea katika ilimu ya uimbaji wa Ulaya.

Alizaliwa mwaka 1867 katika Murfreesboro, Tennessee, miaka miwili tu baada ya utumwa kukomeshwa. Mama yake alifungua huko shule ya watu waliotoka utumwani na watoto wao, lakini uadui wa baadhi ya wazungu ukaizidi nguvu shule hiyo, na jamaa nzima ikahamia Detroit. Azalia alijifunza piano, fidla na uimbaji, akasomesha watoto shuleni, akaolewa na Edwin Hackley, mwanasheria na mhariri wa gazeti, na kufuatana naye hadi Denver, ambako mwaka 1900 alipata shahada ya muziki ya chuo kikuu. Weupe wa ngozi yake ungaliweza kumfungulia milango mingi kama angalikubali kuficha asili yake. Hakukubali, na neno hilo moja lanionyesha tabia yake kuliko shahada.

Ndoa ilipolegea alikwenda Philadelphia, na huko, mwaka 1904, akaunda kwaya ya watu wapatao mia, iliyoitwa Kwaya ya Watu. Hata hivyo, hakuwa ameliacha jukwaa. Katika miaka ya 1905 na 1906 alikuwa Paris, akijifunza kwa Jean de Reszke, Mpolandi aliyekuwa miongoni mwa waimbaji mashuhuri kabisa wa opera wa zama zile. Akarudi na maarifa ambayo watu wachache sana wa taifa lake, weusi kwa weupe, walikuwa nayo. Mapato ya maonyesho yake hakuyaweka kibindoni. Aliyatumia kuwasaidia vijana: Clarence Cameron White, mpiga fidla, akaenda London kujifunza kwa Samuel Coleridge-Taylor, mtunzi ambaye baba yake alikuwa tabibu wa Sierra Leone, na Carl Diton, mpiga piano, akapelekwa Ujerumani.

Yapata mwaka 1911 aliacha kazi ya mwimbaji wa peke yake, ilhali sauti ilikuwa haijamsaliti. Mtu anaweza kudhani kwamba alikimbia milango iliyofungwa, kwa kuwa opera kubwa za Marekani hazikumpokea mwimbaji mweusi. Na bila shaka kufuli hizo zilimwumiza. Lakini mimi naona kwamba hesabu yake ilikuwa nyingine. Mwimbaji mmoja, hata akiwa hodari namna gani, huwaacha wasikilizaji wake jinsi alivyowakuta, wakiwa na furaha ya usiku mmoja. Bali mtu aliyefundishwa kuitawala pumzi yake mwenyewe huondoka na mali isiyoporwa. Kwa itikadi hiyo alifungua Chicago, mwaka 1912, chuo cha uimbaji na cha kuwaandaa walimu, kilichodumu hadi 1916, na kisha akazunguka nchi akiongoza matamasha ya nyimbo za kienyeji.

Ugumu ulikuwa katika hizo nyimbo zenyewe. Nyimbo za kiroho zilizotungwa na watumwa mashambani zilikwisha kupata sifa Marekani na Ulaya tangu waimbaji wa chuo cha Fisk walipoanza safari zao mwaka 1871, lakini watu weusi wengi waliosoma waliziona kuwa ukumbusho wa dhila, na walipenda zaidi kuonekana wakiimba nyimbo za wazungu. Azalia, aliyezijua za wazungu kuliko wao, ndiye aliyewaambia wasimame wima na kuziimba zile za babu zao kwa ustadi ule ule uliofundishwa Paris. Kama angalikuwa hana ilimu ya Ulaya, huenda wangalimdharau. Aliyekuwa nayo hakuwa na budi kusikilizwa. Yeyote aliyepata kusimama katika safu ya kwaya, akasikia sauti yake ikishikwa na sauti za jirani zake mpaka hajui ipi ni yake, ataelewa ni takrima gani waliyopewa watu wale.

Kazi hiyo ilimla siha. Mwaka 1920 alisafiri mpaka Tokyo kuhudhuria mkutano wa shule za Jumapili wa dunia, akaimbisha nyimbo hizo huko. Mwaka uliofuata alianguka akiwa kazini California, akarudishwa Detroit, na Desemba 1922 akafariki akiwa na umri wa miaka 55. Maktaba ya mji ule ilifungua mwaka 1943 hazina ya muziki na sanaa za watu weusi yenye jina lake.

Katika Kwaya ya Watu ya Philadelphia aliingia, akiwa mtoto, msichana mmoja wa familia maskini aitwaye Marian Anderson. Mwaka 1939, aliponyimwa ukumbi Washington kwa sababu ya rangi yake, aliimba nje, penye ngazi za kumbukumbu ya Lincoln, mbele ya watu wapatao 75,000, na baada ya Schubert akaimba nyimbo za kiroho. Mwaka 1955 alisimama katika jukwaa la Metropolitan Opera ya New York, mwimbaji mweusi wa kwanza kupewa nafasi katika mchezo wa opera mahali pale, miaka 32 na ushei baada ya Azalia Hackley kuzikwa.