Fomula na uzani wa molekuli wa mbolea

Uzani wa molekuli wa mbolea ni jumla ya uzani atomia wa atomi zote zilizomo katika fomula ya kampaundi ambayo ni mbolea hiyo. Kutokana nao hupatikana asilimia ya kila elementi. Katika wilaya za kilimo kama Mufindi, mkoani Iringa, ilipo kata ya Igowole, hesabu hii huonyesha mkulima wa mahindi au chai analipia nini hasa anaponunua mfuko wa kilo 50.

Urea

Fomula ya urea ni CO(NH₂)₂. Ina kaboni 1 (12.01), oksijeni 1 (16.00), nitrojeni 2 (28.01) na hidrojeni 4 (4.03), jumla 60.06 hivi. Nitrojeni ni 28.01 ÷ 60.06, yaani asilimia 46.6. Ndiyo maana mfuko huandikwa 46-0-0, na kilo 50 zina takriban kilo 23 za nitrojeni. Zinazobaki si udanganyifu wa muuzaji: ni kaboni, oksijeni na hidrojeni ambazo nitrojeni imeungana nazo.

Fomula peke yake haitoshi kuitambua dutu. Mwaka 1828 Mjerumani Friedrich Wöhler alipata urea kutoka sianati ya amonia, chumvi yenye atomi zilezile na uzani uleule wa 60.06, lakini zilizopangwa kwa namna nyingine.

DAP na SA

DAP, mbolea ya kupandia, ni (NH₄)₂HPO₄ yenye uzani wa 132.06. SA ni (NH₄)₂SO₄ yenye 132.14. Uzani unakaribiana mno na nitrojeni ya zote mbili zikiwa safi ni asilimia 21.2, ila moja huleta fosforasi na nyingine salfa. DAP ya dukani si safi kabisa, hivyo huandikwa 18-46-0.

Namba 46 hapo huwapotosha wengi. Si fosforasi tupu, bali ni kiasi kinachohesabiwa kana kwamba yote ni oksidi P₂O₅, kwa desturi ya zamani ya wakemia. Katika P₂O₅ (141.94) fosforasi ni asilimia 43.6 tu. Kwa hiyo mfuko wa kilo 50 una kilo 23 za P₂O₅, lakini fosforasi yenyewe ni kilo 10 hivi.

Michanganyiko

CAN ni mchanganyiko, kwa hiyo haina uzani wa molekuli. Ndani yake mna nitrati ya amonia, NH₄NO₃ (80.04, nitrojeni asilimia 35), iliyochanganywa na chokaa, CaCO₃. Ili nitrojeni iwe asilimia 26, karibu robo tatu ya mfuko iwe nitrati ya amonia. Viwango vya mchanganyiko hubadilika kwa uamuzi wa kiwanda. Vya kampaundi havibadiliki.

Mfuko wa CAN una kilo 13 za nitrojeni. Anayeacha urea na kununua CAN kwa idadi ileile ya mifuko hupunguza nitrojeni ya shamba kwa zaidi ya theluthi moja, hata kama bei zinalingana. Hata hivyo nitrojeni si kila kitu. SA huongeza asidi ya udongo kuliko urea, wakati chokaa ya CAN huipunguza makali. Chai hupenda udongo wenye asidi, mahindi hayavumilii asidi nyingi.