Ruhusa ya Wapagazi: Kwihara hata Unguja, 1872–1874

Kwihara, karibu na Tabora, palikuwa kituo kikubwa katika njia ya misafara iendayo Ujiji. Hapo, mwezi wa Agosti 1872, David Livingstone aliwapokea watu 57 walioandikwa kazi Unguja na kupelekwa kwake na Stanley. Mapatano ya wapagazi, kwa desturi ya njia ile, yalihusu mshahara na posho.

Livingstone alifariki mwezi wa Mei 1873, kijijini kwa Chitambo. Aliyewaamuru hayupo, Susi, Chuma na wenzao walikata shauri wenyewe kuuchukua mwili wake hata pwani. Walipofika Kwihara mwezi wa Oktoba, Luteni Cameron aliwashauri wauzike hapo; wakakataa.

Februari 1874 waliwasili Bagamoyo. Kaimu balozi wa Uingereza aliyekaa Unguja aliwalipa mishahara, kisha akawapa ruhusa. Katika wachukuzi wote, Jacob Wainwright peke yake alifuatana na jeneza hata London. Susi na Chuma walifika huko maziko yamekwisha. Shirika la Kifalme la Jiografia lilipotoa nishani 60, wengi walikuwa wamekwisha tawanyika, wasizipate.

Neno ruhusa lina sura mbili: ni idhini apewayo aombaye, tena ni amri ya kumwondoa asiyeomba. Sheria ya kazi ya Tanzania ya 2004 yataka kuachishwa kazi kuwe na sababu halali na utaratibu wa haki. Kwa kipimo hicho, mshahara uliolipwa wamaliza deni, lakini hautoshi kuwa haki. Waliopewa kauli juu ya maiti njiani hawakuwa na kauli juu ya mwisho wa kazi yao.